Vitabu vya Lisa Jardine: kipi usome kwanza, kipi ushushe bure, kipi kinataka uvumilivu

Huyu mama Lisa Jardine ukimtaja huku kwetu wengi hawamjui. Ukisema Bronowski kidogo utapata mtu mzima anayekumbuka ile programu ya BBC ya mwaka 1973 kuhusu historia ya sayansi, na Jacob Bronowski ndo baba yake mzazi. Ila mi nimesoma vitabu vinne vya binti na nasema bila kusita binti ndo mwandishi zaidi, na inaniuma kuona mtu anatafuta kitabu kizuri cha historia anaishia kusoma vile vya "wavumbuzi 100 waliobadili dunia" wakati hivi vipo, na kimoja wapo ni bure kabisa kihalali, ntaeleza mbele.

Alizaliwa Oxford mwaka 1944, akaenda Cambridge kusoma hesabu, akasoma miaka miwili alafu akahamia fasihi ya Kiingereza, udaktari akaufanya juu ya mwanafalsafa Francis Bacon. Amefundisha miaka mingi chuo cha Queen Mary pale London na baadaye University College London (UCL), na kati ya 2008 na 2014 alikuwa mwenyekiti wa ile mamlaka ya Uingereza inayosimamia matibabu ya uzazi na tafiti za viinitete. Mume wake wa pili, John Hare, ni msanifu majengo. Amefariki Oktoba 2015. Nayataja haya kwa sababu ukianza kumsoma utashangaa, yaani sura moja hiyohiyo ina msingi wa kanisa, ina darubini, ina mke aliyekufa kwa ndui, na hakuna hata kimoja kinachoonekana kimechomekwa. Anaandika hivo kwa sababu watu anaowaandika waliishi hivo, asubuhi yuko saiti anapima viwanja, mchana anaonyesha majaribio mbele ya wanasayansi wenzake, jioni yuko mgahawa wa kahawa anagombana na mtu, usiku anaandika kwenye dayari dawa gani kameza na tumbo limeitikiaje.

Huyo niliyemuelezea hapo ni Robert Hooke, na kitabu cha Jardine juu yake, The Curious Life of Robert Hooke cha mwaka 2003, ndo napendekeza uanze nacho kama una hela ya kimoja tu. Hooke ni yule wa sheria ya springi tuliyofundishwa sekondari, unaning'iniza uzito, springi inarefuka kwa uwiano, unachora grafu, basi imeisha. Ndo huyohuyo aliyeangalia kipande cha koki (ile ya vizibo vya chupa) kwenye hadubini akaona vichumba vichumba akaviita seli, kwenye kitabu chake cha Micrographia cha mwaka 1665. Hapo shule inamwachia. Jardine ndo anaanzia. Anampeleka msomaji mpaka kisiwa cha Isle of Wight alikozaliwa Hooke mwaka 1635, kisiwa hichohicho ambacho mfalme Charles wa Kwanza alikuja kushikiliwa kwenye ngome ya Carisbrooke, na baba yake Hooke ambaye alikuwa mchungaji wa kanisa akafa mwaka 1648 kwa kifo ambacho kinasemekana alijitoa uhai mwenyewe. Mtoto wa miaka 13 anaingia London, anajaribu kidogo kwa mchoraji Peter Lely, anaacha, anaingia shule ya Westminster, na kutoka hapo maisha yake yote anakuwa mtu wa kutumwa na wakubwa. Mwaka 1662 Royal Society, chama cha wanasayansi pale London, wanampa kazi ya kuandaa majaribio, na ukisoma zile sura unaona jinsi walivokuwa wanamtaka kila wiki awaonyeshe kitu kipya, huku yeye anataka akae na wazo moja mpaka mwisho na hapati muda.

Sehemu iliyonishika sana ni baada ya moto wa London. Moto uliwaka kuanzia tarehe 2 mpaka 6 Septemba 1666 ukala nyumba zaidi ya 13,000 na makanisa ya mitaa zaidi ya 80. Hooke akateuliwa kuwa mmoja wa wapima viwanja wa jiji, na Jardine anamfuata kwenye vifusi, mtu anatembea na kamba na vigingi, majirani wawili wanabishana ukuta ulikuwa hapa au pale, yeye anapima, anaandika cheti, analipwa ada. Wengi tumezoea kusoma historia ya miji kwa kuambiwa mfalme fulani alijenga hiki na kile, huku hapa unamwona fundi mwenyewe na kazi yenyewe, ugomvi wa mipaka ambao mtu yeyote aliyewahi kukaa ofisi ya ardhi ataujua papo hapo. Na hela zile za ada hakuzila, alipokufa mwaka 1703 zilikutwa ndani kwenye sanduku, maelfu ya pauni, mtu ambaye kwa macho alionekana anaishi kama hana kitu.

Na dayari. Hooke aliandika dayari miaka ya 1670, maneno mafupimafupi, amekutana na nani, amekunywa nini, amelala vipi, amemeza dawa gani ya kujitapisha. Jardine hasomi dayari hii kama kichekesho, anaisoma kama rekodi ya mtu mgonjwa ambaye anajifanyia majaribio kwenye mwili wake kwa utaratibu uleule anaotumia kwenye maabara. Mambo ya nyumbani kwake pia hayafichi, hasa jinsi alivyoishi na Grace, binti wa kaka yake, mengine yanakasirisha kuyasoma na ni haki yakukasirishe. Napenda kwamba haombi tumpende Hooke. Anataka tumjue basi.

Sasa Christopher Wren, msanifu wa kanisa kuu la St Paul's pale London. Kitabu kinaitwa On a Grander Scale, cha mwaka 2002, na hiki ndo kinataka uvumilivu, kurasa zaidi ya 500, sura za mwanzo zimejaa viongozi wa kanisa na vita vya wenyewe kwa wenyewe mpaka unajiuliza Christopher Wren mwenyewe anaingia lini. Ila usiziruke, maana hapo ndo anajenga hoja yake. Baba yake Wren alikuwa Dean wa Windsor, yaani mkuu wa kanisa la kifalme pale, baba mkubwa wake alikuwa askofu na alikaa jela ya Tower pale London miaka mingi kwa kuwa upande wa mfalme, familia ilipoteza nafasi zake, kwa hiyo ufalme uliporudishwa mwaka 1660 Wren hakuwa tu kijana mwenye akili, alikuwa mtoto wa watu waliopoteza kila kitu kwa ajili ya ufalme na sasa wanataka kuuona umesimama tena kwa mawe. Ukishaelewa hilo kanisa kuu la St Paul's unaliona tofauti.

Pia watu wengi hawajui kwamba Wren alianza kama mtu wa nyota. Alikuwa profesa wa astronomia Gresham College mwaka 1657 alafu Oxford mwaka 1661, na ile siku ya Novemba 1660 ambayo wenzake walikaa kikao wakaanzisha kilichokuja kuwa Royal Society, walikuwa wametoka kusikiliza mhadhara wake. Michoro ya ubongo kwenye kitabu cha daktari Thomas Willis cha mwaka 1664 ina mkono wake. Usanifu wa majengo ulikuja baadaye.

Mnara wa kumbukumbu ya moto, ule unaoitwa Monument tu, ndo sehemu ambayo vitabu vya Hooke na Wren vinakutana na kwangu ndo kurasa bora kuliko zote alizoandika huyu mama. Mnara ulijengwa 1671 mpaka 1677, una urefu wa futi 202, yaani mita 61 na ushee, na ngazi za ndani 311 zinazopanda kwa kuzunguka. Watalii wanapanda wanapiga picha wanashuka. Jardine anakupeleka chini. Kuna chumba chini ya sakafu, na juu kabisa kwenye ule mtungi wa dhahabu kuna mfuniko unaofunguka, na katikati ya ngazi kumeachwa tundu tupu toka juu mpaka chini. Wren na Hooke waliujenga mnara uwe darubini pia, darubini ndefu ya kusimama, mtu anakaa kule chini anaangalia nyota inayopita juu ya kichwa chake ili apime kama inahama kidogo kwa mwaka, ambayo ingekuwa ushahidi kwamba dunia ndo inazunguka jua. Kwa kazi hiyo mnara haukufaa, ila Hooke aliendelea kuutumia, mwaka 1678 alipanda nao na zebaki akipima jinsi shinikizo la hewa linavopungua kadri unavopanda. Yaani serikali ya jiji imelipa nguzo ya kumbukumbu, wale wawili wamejipatia maabara humohumo, na hakuna aliyeibiwa. Nikisoma hiyo nilisimama nikatembea kidogo chumbani.

Kitu kingine kinachounganisha vitabu vyake vyote, na sijaona mtu akikisema, ni saa. Saa za mfukoni na za ukutani. Ipo barua ya Wren kwa Faith Coghill kabla hawajaoana, saa ya Faith ilidumbukia kwenye maji ya chumvi, Wren akaipeleka kutengenezwa, anairudisha na barua anayosema anaionea wivu kwa sababu itakaa karibu na ubavu wake. Walioana 1669. Juni 1675 jiwe la msingi la St Paul's linawekwa, Septemba mwaka huohuo Faith anakufa kwa ndui. Akaoa tena, mke wa pili naye akafa 1680. Mtu huyo anaendelea kwenda saiti, miaka 35 ya ujenzi, na aliishi mpaka 1723 akiwa na miaka 90. Mwandishi mwingine angetuwekea sura ya "maisha binafsi" pembeni, Jardine anaweka tarehe ya msingi na tarehe ya msiba karibu karibu, anaendelea, na wewe unabaki nayo.

Alafu saa ya Hooke. Mwaka 1675 Christiaan Huygens, mwanasayansi Mholanzi, alitangaza saa ambayo mwendo wake unasawazishwa na springi, Hooke akalipuka, akasema mimi nilianza zamani, na katibu wa Royal Society, Oldenburg, kapeleka siri zangu nje. Kwa miaka 300 watu wengi walimchukulia Hooke kama mlalamishi tu. Mwaka 2006 karatasi za Hooke zilizopotea zikakutwa kwenye nyumba moja Hampshire, kurasa zaidi ya 500 za kumbukumbu za vikao, zikataka kupigwa mnada, Royal Society wakazipata kwa karibu pauni milioni moja, na Jardine na timu yake ya Centre for Editing Lives and Letters ndo walioshika kazi ya kuzinakili. Humo mkawa na ushahidi kwamba kweli Hooke alishaonyesha saa ya springi mwaka 1670. Kwa hiyo huyu mama hakuishia kuandika kitabu akaenda kulala, miaka mitatu baadaye bado anahangaika na mtu wake, na haki ya mtu ikapatikana kwenye karatasi. Hiyo inanigusa sana mimi.

Cha bure sasa. Kinaitwa Temptation in the Archives, cha 2015, UCL Press wamekitoa wazi, unaingia kwenye tovuti yao unashusha PDF yote, hakuna kadi, hakuna kujisajili, na ni chepesi hata kwa bando la siku. Ni insha juu ya Uholanzi ya karne ya 17. Anza na ile inayoitwa Never Trust a Pirate, usianze na ya kwanza. Inahusu majaribio ya saa za pendulamu baharini, maana mwenye saa ya uhakika baharini angeweza kujua longitudo yake, yaani yuko umbali gani mashariki au magharibi. Mwaka 1664 kapteni Robert Holmes alikuwa nazo pwani ya Afrika Magharibi, akarudi na hadithi tamu, kwamba walikuwa wanatoka São Tomé, maji ya kunywa yanaisha, manahodha wenzake wanataka kukata kwenda Barbados, yeye akaamini saa zake akasema kisiwa cha Fogo kiko karibu, na kweli kikatokea. Hadithi hiyo ikachapishwa 1665, Huygens akaiweka mpaka kwenye kitabu chake cha 1673. Jardine anauliza swali moja tu: huyu Holmes ni nani? Safari hiyohiyo alikuwa anavamia na kuteka vituo vya Waholanzi, Gorée na Cape Coast, akasaidia kuwasha vita kati ya nchi mbili na aliporudi akatiwa ndani Tower. Royal Society wakamtuma Samuel Pepys, ofisa wa jeshi la majini, aulize waliokuwa melini, majibu hayakuwa mazuri kama ripoti. Jardine anarudi kwenye kumbukumbu za safari anazilinganisha, na ile hadithi tamu inalegea mstari kwa mstari. Hata Huygens mwenyewe alishangaa matokeo kuwa mazuri hivo. Ni insha fupi, ukiwa mwalimu wa fizikia au wa historia wape wanafunzi, watajifunza zaidi kuhusu ushahidi kuliko kwa notisi za ubaoni.

Humo pia kuna insha ya barua za Constantijn Huygens, baba yake Christiaan, na Dorothea van Dorp, jirani yake pale The Hague ambaye walipendana ujanani. Mhariri aliyezichapisha barua za Huygens mwanzoni mwa karne ya 20 alizifupisha na kuzisafisha, na kwa muda mrefu watafiti wakawa wanasoma zile zilizosafishwa. Jardine alirudi kwenye karatasi zenyewe. Ile ya kwanza yenye jina la kitabu ni kuhusu barua aliyoifukuzia na kile kishawishi cha mtafiti kutaka karatasi iseme anachotaka yeye, ni nzuri ila isome mwisho, itakuingia zaidi.

Ingenious Pursuits cha 1999 sina mengi. Ni kitabu kipana cha sayansi ya karne ya 17, hewa, nyota, damu, mimea, ramani, watu wengi sana, kinafaa kwa mtu anayetaka picha nzima kabla ya kuingia kwa Hooke au Wren. Kinasomeka haraka. Going Dutch, kile kilichopata tuzo ya Cundill ya vitabu vya historia mwaka 2009, bado sijakisoma kwa hiyo siwezi kukisemea.

Mapungufu yapo na lazima niyaseme. La kwanza ni picha ya Hooke. Hakuna picha ya Hooke iliyobaki inayojulikana kwa uhakika, Jardine akaona mchoro mmoja makumbusho ya historia ya asili London, ulioandikwa kuwa ni mtaalamu wa mimea John Ray, akaamini ni Hooke akauweka kwenye jalada. Wataalamu wakaja kuonyesha ni Jan Baptist van Helmont, mkemia wa Flanders. Kwa hiyo ukikishika kitabu jua uso ule sio wake, na bahati mbaya bado unazunguka intaneti kwa jina la Hooke mpaka leo. Maneno ya ndani hayategemei picha hiyo, lakini ni jalada bwana, ndo kitu cha kwanza mtu anachokiona.

La pili, kwa Wren anakuwa mpole mno. Kila uamuzi wa Wren una sababu nzuri, kila mpinzani wake amekosea. Jardine alimkosoa Hooke kwa sababu dayari ilimlazimisha, Wren hakuacha dayari ya namna hiyo na mwandishi akajaza pengo kwa heshima. La tatu ni letu zaidi, kwenye ile insha ya Holmes ningetaka akae pale pwani. Kampuni iliyomtuma Holmes ilikuwa ya dhahabu na ya biashara ya watu pia, ngome aliyoiteka Cape Coast ilikuja kuwa moja ya milango mikubwa ya utumwa, na sisi tukisoma saa zinagonga ndani ya meli ile tunataka kujua pia nani alikuwa ufukweni. Insha ni ya saa na uaminifu wa ripoti, naelewa, na mwandishi ana haki ya kuchagua, ila pengo nimelisikia na sioni sababu ya kulinyamazia.

Lugha yake ni Kiingereza cha kawaida cha mtu msomi, sentensi ndefu kidogo ila sio za kutisha, na nukuu za karne ya 17 zenye tahajia za ajabu zinachosha mwanzoni, ukizisoma kwa sauti zinafunguka. Tanbihi ni nyingi, wewe usiyeandika tasnifu ziache.

Kwa jumla mi nampa nyota 4 na nusu kwa 5, ile nusu imeondoka na Wren. Kama bajeti ndogo shusha cha UCL leo, cha Hooke tafuta mtumba maana kipo miaka mingi na nakala zimezagaa, ila mwambie muuzaji akupigie picha za kurasa za katikati zenye michoro kabla hujatuma hela, kwenye nakala za mtumba hizo ndo zinaanza kuchomoka na bila michoro ya Micrographia umenunua nusu. Cha Wren kama uko karibu na maktaba ya chuo kiulizie kwanza. Na ukishasoma ile ya pirati niandikie hapa, nataka kujua ulimwamini Holmes mpaka ukurasa gani.